Radi Haijui Jina la Mtu

Wiki iliyopita tulimzika Iyula, yule fundi baiskeli ambaye wengi wenu wa Tunduma mnamkumbuka, mwenye kibanda kando ya foleni ya malori. Kifua kilimbana asubuhi, na saa sita mchana hakuwa nasi. Nami, niliyerudi kutoka Zambia na stashahada ya ufundi niliyojilipia kwa kubeba magunia, nakiri kwamba kwa miaka mingi sikumwamini mtu huyu.

Zamani radi ilimuulia mtoto shambani. Ndugu zake wakataka kwenda kwa mganga kumjua aliyeituma, ingawa walikwishamtaja: bibi jirani, mwenye macho mekundu kwa moshi wa jikoni. Iyula akakataa. "Radi haijui jina la mtu," alisema. Kaka yake akamjibu, "Mdogo wangu, asiyemtafuta mchawi wake anamjua." Mimi niliona kaka kasema kweli. Baba asiyeuliza nani kamuua mwanawe anaficha jambo. Siku moja, akinizibia pancha, nikamtega: "Sasa fundi, kama hakuna aliyeituma, mtoto alikufa kwa ajili ya nini?" Hakuinua uso. "Bure. Huko juu hakuna anayetupenda wala anayetuchukia, msomi. Unadhani naona raha kulijua hilo? Nipe pampu." Nikaondoka na shaka yangu, imeongezeka.

Sasa matangani kaka yule yule akasimama. Kifo cha ghafla kina mwenyewe, akasema, na macho yote yakamgeukia mjane, aliyempikia marehemu chai asubuhi ile. Kwetu mwanamke akishatajwa hivyo, nyumba hana, watoto hana. Nikangoja mtu ajibu. Aliyezoea kujibu tulikuwa tumetoka kumfukia. Nikasimama mimi.

"Shikamoo, kaka. Marehemu angesema hata kifua hakijui jina la mtu."

"Na wewe unamtetea kwa nini? Una nini naye?"

Macho yakanihamia, yaleyale niliyokuwa nikimtazama nayo marehemu. Ndipo bibi mwenye macho mekundu akajikongoja, akaketi mkekani bega kwa bega na mjane. Watu wakainama, kaka naye akakaa.

Mjane yumo nyumbani kwake. Mimi wananitazama kwa shaka mpaka leo, na waendelee. Kama mbingu zinatuona au hazituoni, stashahada yangu haikufika huko. Ninachojua ni kwamba fundi alikubali mwanawe alikufa bure, akaubeba uchungu huo peke yake, ili bibi mmoja abaki kwake. Sisi tusioweza kulimeza neno hilo, kila msiba tutamtwisha jirani.