Mkate Uliolala Kifudifudi

Kwa miaka thelathini na moja Saikal Asanbekova alipiga magoti kazini. Wenzake wote katika kituo cha televisheni pale Bishkek walikagua mandhari ya vipindi wakiwa wamesimama, sigara mkononi. Yeye, aliyeyabuni, alitambaa sakafuni mpaka macho yake yakawa kimo cha mtoto wa miaka mitano, ndipo aseme dirisha liko juu mno. Hivyo ndivyo alivyoijenga nyumba ya Bibi Kalunguyeye, kikaragosi kipenzi cha watoto, na meza yake ya chini ya mbao.

Kisha akaja Ermek, mkurugenzi mpya, suruali ya kubana na mdomo mwepesi. Nyumba ikang'olewa, ikatupwa uani kwenye theluji. Mahali pake pakatundikwa kitambaa cha kijani, na picha ya nyumba ikachorwa kwa kompyuta na watu wa mbali wasiojua hata chai yetu tunainywea kwenye nini.

"Mkate wameulaza kifudifudi," Saikal alimwambia Ermek alipoiona picha. "Kwetu mkate hautukanwi hivyo. Waulaze chali."

"Dada, kwani watoto wanaangalia mkate?"

"Wanaangalia kila kitu, mwanangu. Wewe ndiye huangalii."

Ikarushwa vilevile. Kipindi hakijaisha, simu zikaanza kulia. Mabibi wa nchi nzima, kutoka Naryn hadi Osh, walikuwa wamewaka: nani huyo mkosa adabu anayewaonyesha wajukuu zetu mkate uliogeuzwa? Na mwishoni mwa kipindi, kwa kuwa hakuna aliyekumbuka kulifuta, jina lilisomeka wazi: Mandhari, Saikal Asanbekova. Mama yake mzazi alimpigia. "Mimi sikukulea hivyo," akasema, akakata.

Saikal aliibwaga simu mezani. Magoti yote yale, halafu akumbukwe kwa mkate mmoja!

Ermek alimkimbilia koridoni akihema. "Dada, nakuomba. Kesho uingie hewani, uombe radhi. Jina ni lako."

"Jina langu, ujinga wako."

"Ukisema ni kompyuta, watoto watajua nyumba haipo tena."

Hapo alimpata. Saikal alizidi kumchukia kwa sababu alikuwa amesema kweli.

Kesho yake, kipindi kikirushwa moja kwa moja, alikaa karibu na Bibi Kalunguyeye na kuagiza kamera ishushwe hadi kimo cha mtoto.

"Wanangu," akasema, "mkate uligeuzwa katika nyumba hii, na nyumba hii niliijenga mimi. Nisameheni. Jumatatu Bibi atawakaribisha kwenye meza yake ileile ya mbao, na mkate wa kweli. Mkuu wetu, Bwana Ermek, ameahidi. Asipotimiza, bibi zenu wampigie simu."

Taa zilipozimwa, Ermek alimjia mbio. "Mimi nimeahidi lini?"

"Sasa hivi, mbele ya nchi nzima," Saikal akasema, akijifunga shali. "Nipe maseremala wawili na koleo la theluji."