Gari la Sinema Halina Masikio

Mjomba wangu, kaka yake mama, alikuwa kiziwi, na ndiye mtu mwenye sauti kubwa kuliko wote niliowasikia katika milima hii ya Upare. Alikuwa akisimama kwenye migomba yake anamsalimu mtu anayepita ng'ambo ya bonde, na ng'ombe wanainua vichwa. Yule mtu akiitikia, mjomba hasikii. Basi anawaka. "Mtazameni huyu! Nimemsalimu vizuri, amenyamaza kama gogo! Amelelewa na nani?" Na maskini ya Mungu yule wa ng'ambo amepaza sauti mpaka mishipa ya shingo imemtoka. Bibi alikuwa akisema mwanawe alipewa midomo ya watu wawili, akanyimwa sikio hata la kuazima.

Lakini nilitaka kusema habari ya nyani. Shamba la mahindi la mjomba lilipakana na msitu, na nyani walikwisha kumjua kwamba hasikii mabua yakivunjika. Walikuwa wanakula nyuma ya mgongo wake kama watu walioalikwa. Ndiyo maana nilitolewa shule ya misheni, nikiwa ndiyo kwanza nimejua kuunganisha herufi, nikapelekwa kulinda. Sina kinyongo. Shule ilikuwa na fimbo nyingi kuliko chaki.

Ng'ambo ya pili alikuwapo mwenzangu analinda shamba la baba yake, na ukoo wake na wetu ni watani. Sababu ya utani huo kila mzee alikuwa na yake: huyu anasema babu zetu walipigania mfereji wa maji, yule anasema walizikana wakati wa njaa. Mtani anaweza kukutukana mbele ya jeneza la baba yako, akalala kaburini akasema hatoki mpaka apewe kuku, na wewe huna ruhusa ya kukasirika. Una kazi moja tu, kujibu. Mtani asiyejibu ameuvunja utani, na huo ni msiba mkubwa kuliko ule wa kaburini.

Basi tulikua hivyo, mimi huku na yeye kule, tunatukanana juu ya bonde kutwa nzima, na nyani wamekaa katikati wanasikiliza. Nikimaliza mimi, ananyamaza kidogo, anaacha neno langu lifike, ligonge jiwe, lirudi. Halafu ndipo anajibu. Alijua kungoja kuliko mtu yeyote niliyemfahamu. Nusu ya kichekesho chake ilikuwa kule kungoja.

Tulipokuwa vijana tukatafutwa kwa ajili hiyo. Kwetu pembe ikipulizwa alfajiri ni msaragambo, kila nyumba inatoa mtu kwa kazi ya wote. Kazi mbaya kuliko zote ni kuzoa tope la ndiva, lile bwawa tunalokusanyia maji ya mfereji usiku ili yamwagiliwe mchana kwa zamu. Ni baridi, ni tope la mapajani. Wazee walituweka pande mbili za ndiva, mimi huku yeye kule, tuzoe huku tunarushiana maneno juu ya vichwa vya watu.

"Enyi watu wa ukoo wa yule," ninasema, "jembe mnalijua? Si lile la kuegemea!"

Anangoja. Watu wanaanza kucheka kabla hajafungua mdomo.

"La kwetu tunaliegemea kwa sababu lipo. La kwenu limebaki mpini. Chuma mlikiuza mkanywea pombe ya dengelua!"

Kazi ilikwisha watu hawajui imekwishaje. Mimi sikuwa na ng'ombe wala kahawa ya maana. Nilikuwa na huyo mtani, na watu wakituona wawili walianza kutabasamu.

Ndipo Mwingereza akaleta gari la sinema.

Lilitokea Same, likapita tambarare hadi Ndungu, kwani mlima wetu upande wa Myamba lisingeuweza. Sisi ndio tuliolishukia. Tukakuta shuka jeupe limefungwa kwenye nguzo mbili, tarumbeta mbili za bati juu ya paa la gari, na mtambo wa umeme unanguruma pembeni kama tumbo la fisi. Walikuwapo watu wa mpunga, wachungaji wa Kimasai wamesimama kwa mguu mmoja, akina mama na viazi vyao vya kuchemsha. Giza lilipoingia, picha ikaanza.

Niseme kweli, na mpaka leo linaniudhi: ilikuwa picha mbaya. Tulishuka mlima mzima, tukaonyeshwa mtu analala. Analala chini ya mti, jembe liko kando. Halafu mtu wa pili, mwenye shati jeupe, analima. Analima, analima, na shati halipati hata tone la udongo. Mara kwa mara anageuka kumwangalia mpiga picha kama anauliza, je, bado? Halafu yule wa kwanza tena, amelala. Msemaji, bwana mmoja mwenye kaki iliyopigwa pasi, ameshika chombo cha kusemea, anasoma kwa sauti ya mtu anayehesabu magunia: "Huyu ni mvivu. Huyu ni hodari. Tazameni mvivu. Tazameni hodari."

Kisha hodari akafungulia maji shambani. Jua la utosini, peke yake, bila kumwuliza mtu.

Mtani wangu alikuwa amekaa upande wa pili wa watu. Nilisikia sauti yake kwa Kichasu, lugha yetu ya mlimani: "Jamani, hiyo ni zamu ya nani?"

Watu wa mlimani wote wakaangua kicheko. Kwetu mwenye kufungulia maji kwa zamu ya mwenzake halali nyumbani kwake kwa amani.

Nikajibu: "Zamu ya shangazi yako! Ndiyo maana mahindi yake yanafika magotini!"

Akangoja. Picha ikamrudia mvivu, amegeuza ubavu.

"Mwache mjomba wako apumzike," akasema. "Amechoka kukungoja umletee jembe lenye chuma."

Basi ikawa hivyo mpaka mwisho. Mwenye shati tukamtafutia mke wa kumfulia. Ng'ombe aliyepita tukasema ni yule wa mahari ambaye ukoo wa mtani ulimkataa kwa sababu anachechemea, na kweli alikuwa anachechemea. Wamasai walikuwa wanatafsiriwa na mama mmoja muuza viazi, wanacheka baada ya wengine. Sijawahi kufurahi vile.

Msemaji hakukasirika. Heri angekasirika. Picha ilipokwisha alituita.

"Ninyi ndio mnaowafanya watu wasinisikilize?"

"Shikamoo, bwana," nikasema.

"Marahaba. Safari ijayo msipige kelele huko nyuma. Njooni hapa, mseme kwenye chombo. Watu watakaa mpaka mwisho, na mimi nitapumzisha koo. Ila chombo ni kimoja, kinashikwa na mmoja, na ni Kiswahili, si lugha ya mlimani. Nani anakijua?"

Mtani akanionyesha kwa kidevu. "Huyu alisoma na nyani," akasema, na hata msemaji akacheka.

Nilifurahi, kwa nini nifiche? Nilimwambia mtani wangu njiani wakati tunapanda, "Wewe utajibu kutoka kwa watu kama siku zote. Mimi na wewe, ila sasa na tarumbeta."

"Tutaona," akasema.

Gari lilipokuja tena, picha ilikuwa ileile. Mvivu yuleyule. Nikashika chombo, nikasema neno langu la kwanza juu ya ukoo wa mtani, na sauti yangu ikatoka juu ya paa, ikapita juu ya mashamba ya mpunga, ikagonga mlima. Ndungu nzima ikacheka. Nikanyamaza nipate jibu.

Nilimwona mtani amesimama katikati ya watu, mdomo unatembea. Sikusikia kitu. Mtambo unanguruma, tarumbeta zinakoroma juu ya kichwa changu, na msemaji ananigusa bega, "Endelea, picha inakwenda." Nikaendelea. Mtani akapaza sauti tena. Safari hii nilisikia, lakini si yeye. Nilimsikia mtu wa karibu yake:

"Wewe nyamaza bwana, tunasikiliza gari!"

Mtani wangu akaambiwa anyamaze! Na watu walewale aliowachekesha mpaka wakasahau baridi ya ndiva. Nilitaka kutupa kile chombo. Nilisema ndani yake, "Mwacheni ajibu!" Watu wakadhani ni kichekesho, wakacheka zaidi.

Baada ya siku chache pembe ikalia, tukashuka ndiva. Nikachukua upande wangu, yeye wake. Nikarusha neno zuri, nililolipika njia nzima, juu ya baba yake na mbuzi wa jirani. Watu wakainamisha majembe kungoja. Yeye akaniangalia kwa upole.

"Habari za nyumbani, ndugu yangu," akasema. "Watoto hawajambo?"

Mtani anakuuliza hali ya watoto, kama mgeni! Heri angenipiga na sepetu. Watu wakarudi kuzoa tope kimya, na nilisikia mzee mmoja anamnong'oneza mwenzake, "Kuna nini kati ya hawa?" Kazi ile haikuisha siku ile.

Nikamwendea kwake jioni. Alikuwa anamenya ndizi mlangoni na mkewe.

"Tatizo ni chombo," nikamwambia. "Safari hii utasimama nami palepale. Nikimaliza ninakupa, unajibu."

"Kwa Kiswahili changu hiki?"

"Kwa lugha yoyote. Nitamweleza msemaji."

"Wewe unataka mimi, au unataka lile gari?" akauliza.

"Vyote viwili," nikasema. Ndivyo ilivyokuwa, na sikuona ubaya wake.

Mkewe akasema, "Nenda baba, mtani wako atakufa na maneno tumboni."

Akaja. Alivaa koti lake la kanisani. Msemaji alilalamika, kisha akakubali, ila akatuonya tusimtaje jumbe na tusiseme lolote juu ya zamu za maji, kwa kuwa bwana shamba amesikia watu wanaicheka picha mahali pasipo pa kucheka. Sijui mahali pa kucheka palikuwa wapi.

Picha ileile. Nikasema langu, watu wakacheka, nikampa chombo.

Akakishika kwa mikono miwili. Akangoja.

Alingoja kama alivyongoja siku zote, neno langu lifike, ligonge jiwe, lirudi. Lakini picha haina subira ya bonde. Mvivu akaondoka, hodari akaja, akaondoka, ng'ombe wa kuchechemea akapita. Tarumbeta zikatoa pumzi yake tu, fuu, fuu, juu ya Ndungu nzima. Watu wakaanza kuguna. "Amelala kama mvivu!" mmoja akapiga kelele. Mtani akafungua mdomo, akatoa jibu lake kuhusu mvivu, jibu zuri, naapa lilikuwa zuri, wakati kwenye shuka kuna mama anaosha mtoto. Hakuna aliyecheka. Msemaji akanyoosha mkono, "Mpe mwenzako, mpe mwenzako."

Hakunipa. Alikilaza chombo juu ya bati la gari, taratibu, kama mtu anayerudisha yai kwenye kiota. Akafunga kifungo cha koti. Akapita mbele ya mwanga, na kivuli chake kikatembea juu ya shuka, kikubwa, kikamfunika hodari na maji yake na shati lake. Hapo ndipo watu walipocheka kuliko siku zote.

Nikanyakua chombo. "Mtani!" nikasema, na mlima ukarudisha, mtani, mtani. "Ukoo wenu mmezoea kukimbia! Jibu basi! Nimekuita mbele za watu, umenyamaza kama gogo!"

Nikakiweka mbali na mdomo, nikatega sikio. Mtambo ulikuwa unanguruma. Nilimwona amefika pale njia inapoanza kupanda, koti limening'inia mabegani, na hakugeuka. Akaingia kwenye giza la mlima, na hakurudi tena kwenye utani wetu.