Salamu Zilizofungua Kompyuta Mikumi

Siku yangu ya kwanza kazini, Mkuu wa ofisi ya simu Kilosa alinionyesha kompyuta iliyofunikwa kitambaa cha kufuma, akasema, "Binti, hii usiiguse." Nami nimeajiriwa kama fundi wa kompyuta! Sasa nitengeneze nini, kitambaa?

Ilikuwa miaka ya soko huria, wafanyabiashara wakishusha kompyuta za mitumba stesheni pamoja na mabegi ya nguo. Sisi mafundi wachache wa Kilosa, Kidodi na Morogoro tulikutana Mikumi kila mwaka baada ya mavuno, katika ukumbi wa nyumba ya wageni. Leo mngetuita wadukuzi. Kila mmoja alileta mashine yake, ameifunga kwa neno la siri, wenzake wahangaike kuifungua. Mwiko wetu ulikuwa huu: ukishafungua hugusi kitu, na huli mpaka umweleze mwenye mashine, mbele ya watu, ulipopitia, kisha umsaidie kuziba. Wali ulipoa, lakini jamani, tulicheka!

Mkuu akapata habari. "Mnafundishana wizi," alisema. Mwaka ule akaja mwenyewe na kompyuta yake. "Kama ni ufundi, ifungueni hii bila kuharibu kitu. Mkishindwa, mkutano basi, na wewe binti utafute kazi nyingine."

Wenzangu walijaribu kila njia wakachoka. Niliogopa, siwafichi. Katika hekaheka zile nikakumbuka kwamba hata sijamwamkia, nikamfuata alipokaa.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Hujambo?"

"Sijambo. Watoto hawajambo?"

"Hawajambo. Mkubwa anasoma Moro, wa pili kaolewa. Na Upendo wangu, kitinda mimba..." Akatabasamu peke yake. "Huyo kila saa anataka kubebwa."

Wakubwa hakuwataja majina. Nikarudi, nikaandika "upendo". Kompyuta ikafunguka, vigelegele vikapigwa.

Ikabaki kumweleza. Nikasimama mbele yake. "Mzee, nimepitia kwenye salamu. Umemtaja Upendo."

Mkuu alinitazama, kisha akacheka mpaka akavua miwani. "Kumbe mlango nimeuacha wazi mwenyewe! Haya, nifundishe kufunga." Nilimweleza achague neno lisilohusu familia. Alipotaka kuliandika akanigeuza kwa bega: "Tazama kule, mwizi wangu."

Mkutano ukaendelea, na mimi nikadumu kazini. Vijana wanaoniuliza kuhusu udukuzi nawaambia kufungua ni kazi nyepesi; jaribu kumtazama mwenye mali usoni umwambie. Ila Mkuu, tangu siku ile, nikimuulizia watoto alijibu "Wapo," akafunga mdomo.

Nilipostaafu alikuja kwenye sherehe, mzee wa mkongojo. Nikamwamkia, nikamuulizia watoto. Akasimama mbele ya mafundi wote, akawataja kwa majina, mmoja mmoja, mpaka wajukuu.