Komoni Waliyokunywa Nguruwe

Simvumilii mtu anayekaa baa hapa Songea, chupa mkononi, akilalamika kwamba soko huria ndilo lililoharibu vijiji vyetu. Nikimsikia natamani kutema mate. Soko halikuwa na miguu. Kijijini kwetu, upande wa Mpitimbi, nililipeleka mimi, nikiwa nimevaa viatu vyeupe.

Ilikuwa enzi ya ruksa, biashara ilipoachiwa watu binafsi. Ushirika ulikuwa hoi, na yeyote mwenye mizani na gari la kuazima aliweza kununua mahindi. Mimi nilikuwa mmoja wao. Niliwajazisha lumbesa, yale magunia ya kupita kipimo kwa bei ya gunia moja, watu walionijua tangu nikiwa na kamasi puani, kisha nikarudi mjini nikijiona mjanja.

Mama alibaki kijijini. Alikuwa mjane, na shamba lake lilikuwa kubwa kuliko mikono yake. Lakini kwetu shamba halikulimwa na mtu mmoja. Mwenye shamba alipika komoni, ile pombe yetu ya nafaka, akataja siku. Alfajiri majirani walifika, kila mtu na jembe lake. Chungu kiliwekwa mwisho wa shamba, nao wakalima kukifuata, na hakuna aliyekigusa mpaka tuta la mwisho. Hapo mwenye shamba alichota kwa kata, akanywa yeye kwanza ili wenzake waone ni salama, ndipo kata ikazunguka. Wiki nyingine ilikuwa zamu ya shamba la mwingine. Mama hakukosa zamu ya mtu hata goti lilipomvimba. Kwa sababu hiyo mvua hazikuwahi kulikuta shamba lake likiwa na majani.

Mwaka mmoja nilifika siku ya zamu yake, nikaegesha gari pembeni mwa shamba. Walikuwa wamelima zaidi ya nusu. Sikushika jembe. Nilitaka wanione. Walipomaliza, kabla mama hajachota pombe, nilipita nikimpa kila mmoja noti mpya. Jirani yetu mmoja, mzee aliyelima na marehemu baba, alinirudishia ya kwake.

"Sikujia hela, mwanangu. Nimekuja kulima kwa mama yako."

Nilicheka, nikamsokomezea ile noti mfukoni mwa shati. Nikikumbuka kile kicheko changu, najichukia hadi leo.

Jioni mama aliosha vyungu bila kunitazama.

"Umewalipa watu wangu," alisema.

"Nimewashukuru tu, mama."

"Wale mimi nawalimia, na wao wananilimia. Wewe umewafanya vibarua."

Nikajiambia kwamba ni mambo ya kizee, yatapita. Kesho yake nilirudi mjini.

Msimu uliofuata mama alimtuma kondakta wa basi aniambie: njoo na jembe, hela yako iache huko. Nilikwenda bila jembe, na hela niliibeba. Saa tatu asubuhi nilipofika, niliwakuta majirani wamekaa kando ya njia, majembe mapajani, wananingoja. Watu wazima, waliomzika baba yangu kwa mikono yao. Waliniamkia kwa furaha ambayo sikuipenda. Mmoja, mama wa rika la mama yangu, ambaye mimi ndiye niliyepaswa kumpa shikamoo, aliniwahi: "Bosi, za safari?" Kisha akaniambia kiasi walichokubaliana. Niliona aibu. Nilijidai ni kwa sababu yao.

Shambani kulikuwa na majembe mawili tu, la mama na la yule mzee. Walikuwa wameanza tangu alfajiri na hata kona moja hawajaimaliza. Mawingu yalikuwa yameshuka juu ya milima. Shamba lile lisipolimwa wiki ile, mama hatakuwa na mahindi mwaka mzima. Aliinua kichwa akaniona mkono ukiwa mfukoni. Alinitazama tu, akisubiri nivue vile viatu.

Niliwalipa.

Kabla ya saa saba shamba lilikuwa limekwisha, na limelimwa ovyo, matuta mafupi ya kulipua. Mama alikwenda kwenye chungu chake, pombe aliyoipika siku kadhaa, akaanika juani kimea chake, akaikoroga kwa bega linalouma. Alichota, akanywa kwanza, kama desturi. Alipogeuka, watu walikuwa tayari njiani. Walikuwa na hela ya bia ya chupa, wakaifuata kwenye baa za senta.

Alimpa mzee, akanywa. Kisha akaninyooshea kata mimi.

"Mama, hiyo siku hizi inanisumbua tumbo," nikasema.

Ilikuwa uongo. Ukweli ni kwamba nilikuwa nimeshaanza kuona kinyaa, nikitazama mapovu yale na ukingo wa kata ulioguswa na mdomo wa mzee. Mama aliishusha kata taratibu. Akaomba mzee amsaidie kubeba chungu, wakaenda nacho mpaka bandani, wakamwaga yote kwenye hori la nguruwe. Nguruwe walikunywa mpaka wakayumba, wakalalia ubavu kwenye tope, wakikoroma. Mama alisimama akiwaangalia.

"Hawa angalau wameimaliza," alisema, akaingia ndani.

Mwaka uliofuata hakupika pombe. Kondakta aliniletea maneno yake nikiwa kwenye mizani, nikifunga lumbesa ya mtu: mama anasema utume hela ya vibarua, na usisumbuke kuja.

Nilituma. Sikwenda.