Kofi Nililompiga Bingwa

Kwa miaka sita nilicheza jirani, mlevi na padri katika kikundi chetu cha michezo ya televisheni, Lubumbashi. Katikati ya juma nilikuwa fundi wa umeme kwenye kiwanda cha shaba. Jumamosi nilikuwa mwigizaji. Kiongozi wetu alipoandika mchezo juu ya mchimba madini anayefukuzwa na wakwe zake, sikuuliza nani angekuwa yule mume. Nilianza kujifunza maneno yake.

Jumamosi iliyofuata kiongozi aliingia na bingwa wa ngumi. Mji mzima ulimjua. Daktari alikuwa amemkataza ulingo kwa sababu ya jicho la kushoto, na sasa alitaka kuigiza. Akapewa nafasi yangu. Mimi nikawa kaka wa mke, mwenye kumpiga kofi na kumtoa nyumbani.

Alisema maneno yake kama mtoto anayesoma ubaoni. Aliipa kamera mgongo. Alipokosea, wote walicheka kwa upendo. Nilipokosea mimi mara moja, kiongozi alitazama saa. Hata mke wangu, ambaye hakuwahi kukanyaga studio, alikuja amefunga kitambaa kipya.

"Nimekuja kukuona," aliniambia, macho yake yakiwa kwa bingwa.

Siku ya kurekodi, bingwa alinivuta pembeni.

"Yaya," alisema, yaani kaka, maana nilimzidi umri, "mi sijue kulia. Mu ringi balinipiga mingi, hata siku moya sikulia. Unifundishe."

Nilijua namna ya kumfundisha. Nikamjibu, "Itakuja yenyewe."

Kamera ilipowaka, sikuigiza. Nilimpiga kwa nguvu zangu zote, upande wa kushoto, na nilijua ninapiga wapi. Ngumi zake zikapanda hadi kifuani. Nikaogopa. Kisha akazitazama, akazifungua polepole, akashusha mikono. Machozi yakatiririka. Akatoka mlangoni bila kusema maneno yaliyobaki.

"Njo vile!" kiongozi akapaza sauti; ndivyo alivyotaka. "Njo vile kabisa!"

Nilimkuta nje, kitambaa cha mkono juu ya jicho.

"Aksanti, yaya. Ulinisaidia."

"Si kitu," nikasema. Sikuomba msamaha.

Mchezo ulipoonyeshwa, tulijaa kwa jirani yetu, mtaani Makomeno, aliyekuwa na televisheni. Wanawake walilia. Mama yangu alinigeukia: "We uko mubaya, mutoto yangu. Kumupiga muntu vile!" Watu wakacheka, wakidhani anasifu uigizaji wangu. Mimi sikucheka. Hata kofi langu lilikuwa limegeuka sifa ya bingwa.

Baada ya miezi michache aliitwa Kinshasa kuigiza katika filamu. Alipita nyumbani kuniomba nimsindikize uwanja wa ndege. Nilimwambia niko na kazi kiwandani. Uongo. Siku ya safari yake nilikaa barazani, na ndege ilipopita juu ya paa letu, mke wangu alitoka nje kuipungia mkono. Mimi sikuinua kichwa.