Vitabu vya Mama Zuhura

Ninyi mliokulia katika nyumba za kampuni ya mgodi kule Dilala hamhitaji kuambiwa king'ora cha jioni kilivyokuwa. Kikilia, baba zetu walirudi wakiwa na vumbi jekundu hadi kwenye nyusi, na mama zetu waliteleka maji ya bukari, ugali wetu. Sisi wasichana tulikuwa bado barabarani tunacheza nzango, tunapiga makofi na kurusha miguu hadi kandambili zinakatika. Mwezi wa sita, baridi ilipokaza, tuliegemea ukuta wenye jua tukila finkubala, viwavi waliokaangwa, tukiwatoa mfukoni mmoja mmoja. Watoto wetu wa leo hawamli kiwavi kabla ya kumpiga picha, na wengi wakishampiga picha hawamli tena.

Siku ya Alhamisi mimi niliacha mchezo mapema. Alhamisi tulikuwa kwa Mama Zuhura.

Alikuwa mjane wa dereva wa treni ya mgodi, mtu wa Maniema kama wazazi wangu, na aliishi kwa kushona nguo. Waislamu mtaani kwetu tulikuwa wachache. Majirani wengi walikuwa Wakristo wenye asili ya Kasai, ambao babu zao waliletwa kufanya kazi mgodini. Chini ya kitanda chake Mama Zuhura alikuwa na sanduku la bati, na ndani yake vitabu saba ambavyo baba yake alivinakili kwa mkono: Kiswahili kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu, wino mweusi, ila jina la Mungu kwa wino mwekundu. Vilinuka ubani na moshi. Kulikuwa na nyuradi, habari za mawalii, na kimoja kinene kilichoeleza maradhi ya nafsi: kiburi, husuda, kupenda kusifiwa. Kidogo kuliko vyote, kinachoenea kiganjani, kilikuwa na dua ambazo baba yake alizitunga mwenyewe.

Tukifika, alifunika cherehani kwa kitambaa, akatandika mkeka, akaweka sinia la vitumbua katikati. Rafiki yangu Béatrice, binti wa karani Tata Mulumba, alikuja pia, ingawa Jumapili aliimba kwaya parokiani. Mama yake alisema jina la Mungu halitamdhuru mtoto, labda vitumbua ndivyo vitakavyomdhuru. Tulipofika kwenye zikiri, Béatrice alishika mahadhi kutushinda sote.

Sote tulikuwa wakorofi. Alhamisi moja tulisoma habari za mtu anayesali ili aonekane, tukaanza kucheka na kumtaja fundi mmoja wa mtaani. Mama Zuhura akafunga kitabu, kidole chake kikiwa bado ndani.

"Hii kitabu haisemi juu ya mujirani," akatuambia. "Inasema juu yako, weye unaisoma."

Tukarudia vitumbua. Mimi niliona maneno yale hayanihusu. Nilikuwa msomaji bora kuliko wote, na nilifurahi kila wenzangu walipokwama ili niitwe mimi.

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu alipokuja Maalim Idrisa kufundisha msikitini kwetu. Alikuwa kijana, amesoma nchi za mbali, na sitamsingizia: alikuwa mtu mwema. Alileta ubao na chaki, hakutupiga fimbo, alijua jina la kila mtoto. Siku moja akaniuliza nimejifunzia wapi kusoma vizuri vile. Nikamsomea kwa moyo ukurasa mzima wa uradi. Akasema mbele ya wavulana wote kwamba mimi ndiye mwanafunzi wa kweli. Masikio yaliniwaka kwa furaha. Kisha akauliza, kwa upole uleule, kama Mama Zuhura ana vitabu vingine. Nikamwambia viko saba. Nikamwambia sanduku liko chini ya kitanda upande wa ukutani, na kila kimoja kinasema nini. Hakuniuliza yote hayo. Niliongeza mwenyewe ili anisifu tena.

Ijumaa iliyofuata, baada ya sala ya mchana, wanaume watano walikwenda kwake. Mmoja wao alikuwa baba yangu. Sisi watoto tulijazana mlangoni. Maalim Idrisa alieleza kwa heshima kwamba vitabu vile vimechanganya maneno ya Mungu na maneno ya watu, kwamba kuwaomba mawalii ni kumshirikisha Mungu, na kwamba havitachomwa kwa sababu vina aya ndani, vitazikwa. Mama Zuhura aliwapikia chai. Walipokunywa, akaomba jambo moja tu, aachiwe kile kidogo, kwa kuwa ni mwandiko wa baba yake na hana picha yake. Maalim akasema kukiacha kimoja ni kuviacha vyote. Baba yangu, ambaye ndoa yake iliombewa dua kutoka katika kitabu kilekile, alitazama kikombe chake.

Vililala kwa Maalim, na kesho yake asubuhi walivibeba hadi kwenye uwanja wa vichuguu nyuma ya nyumba zetu. Kwa kuwa nilikuwa na udhu, nilipewa kubeba kile kidogo. Béatrice alitembea kando yangu.

"Salima, ficha ile kadogo," akaninong'oneza. "Weka mu kitenge. Hakuna mutu anaona."

Ilikuwa kweli, hakuna aliyenitazama. Lakini Maalim alikuwa mbele yangu hatua chache, na nilitaka nifike niwe bado mwanafunzi wa kweli. Nikakiweka shimoni kwa mikono yangu.

Alhamisi nilikwenda kwa Mama Zuhura kana kwamba hakuna kilichotokea. Cherehani haikufunikwa, mkeka ulisimama ukutani. Alinikaribisha, akamaliza mshono wake, ndipo akasema bila hasira:

"Ulisoma muzuri sana, mutoto yangu. Kusikia ndio haukusikia."

Nikatoka bila kuomba msamaha. Mwaka uleule mwanawe alimhamishia mji wa Kamina, na huko Mama Zuhura akafa. Baba yangu na mimi hatukuzungumza kamwe juu ya siku ile, hadi naye akafa tukamzika.

Baadaye wachimbaji walikuja Dilala kama walivyokuja Mutoshi na kwingine. Watu walichimba hadi ndani ya nyua zao wakitafuta kobalti, na uwanja wa vichuguu ukawa mashimo. Nilikuwa mke wa mtu tayari. Nilikwenda kuwauliza kama wameona karatasi, au ngozi ya majalada. Kijana mmoja akanijibu kwa adabu kwamba, mama, huku wanatoa mawe tu. Leo pamezungushiwa uzio na huwezi kusogea.

Maalim Idrisa bado yupo, ndevu nyeupe, goti moja bovu. Mwaka jana alinikuta msibani, akakaa kando yangu. Akasema alipokuja kwetu alikuwa na haraka ya ujana, na kwamba siku hizi, akiamka kusali, kile kitabu cha maradhi ya nafsi kinamrudia, maana usiku ule kabla ya kuvizika alikisoma chote. Akaniuliza kama nakumbuka zile dua ndogo. Nilianza. Nilifika mstari wa sita, nikakwama. Nilijaribu tena kutoka mwanzo, nikakwama palepale. Yeye alikuwa ameinamisha kichwa akingoja, na wala hakuna aliyemlaumu mwenzake.

Vijana wetu hawangoji. Wanapata zikiri kwenye simu, imetiwa muziki, imekatwa iwe ya nusu dakika, na mhubiri wa kuipinga yuko papo hapo chini yake. Binti yangu ananitumia hizo kila Alhamisi, kwa mapenzi, kwa sababu anajua mama yake anazipenda. Zina sauti nzuri. Nazisikiliza zote hadi mwisho, nikitafuta ndani yake sauti ya mtu wa kwetu, na bado sijaisikia.