Sinema Yangu ya Watu Waliosimama

Nichekeni mapema, maana nastahili. Wakati wa Wabelgiji nilikuwa mpiga picha hapa Kasongo, kijana niliyemaliza sekondari, mwenye mke na majivuno. Mtindo wangu ulikuwa mmoja: jua mgongoni mwangu, watu wima mbele yangu, na anayetikisika namfukuza.

Padri wa misheni akaniazima kamera yake kuukuu ya sinema. "Nenda Kabambare, ukachukue picha za ngoma ya sultani wao. Ikipendeza, kamera na kazi ya sinema hapa misheni ni vyako."

Nilikuta wachezaji wakiruka. "Simameni, washenzi! Mutaharibu picha!"

Mzee mmoja akauliza, "Mwanangu, ngoma inachezwa kwa kusimama?"

Nikamwambia hajasoma. Basi wakasimama kama nguzo, sultani katikati, nami nikazungusha mkono wa kamera kwa madaha hadi filamu ikaisha.

Siku ya kuionyesha nilikaa mbele, kamera mapajani kama mtoto mchanga. Sultani akatokea kwenye shuka nyeupe, kimya, hapepesi jicho.

"Mashine imekwama!" watu wakalalamika.

Padri akaikagua. "Hapana, iko muzima."

"Tazameni pale chini!" mtu mmoja akapaza sauti. Miguuni pa sultani kulikuwa na kivuli cha kofia pana, na kiwiko kikizunguka, kikizunguka bila kuchoka.

Mke wangu ndiye aliyecheka wa kwanza. "Yo! Si kofia ya bwana yangu hiyo? Kumbe mutu wa kucheza ngoma iko yeye peke yake!"

Ukumbi ulipasuka kwa kicheko. Padri akanyoosha mkono, nikamrudishia kamera yake.